Hakuna Nambari ya Kuitwa

Kila alipopewa faili la mtu aliyegongwa na gari, Kidoti aliinuka kitini, akasimama baina ya makabati na kuvuka barabara. Barabara yenyewe haikuwapo. Palikuwa na sakafu ya saruji, na ng'ambo dirisha lenye wavu. Lakini yeye alivuka taratibu, kama mtu mwenye pochi kwapani, na gari la kwenye maelezo lilipofika, alisimama akajigusa mguu uliogongwa. Kisha alirudi kuketi akaandika nambari.

"Binti, hiyo ngoma yako ina wimbo au ni ya kimya kimya tu?" Shangazi alimuuliza siku za mwanzo.

Shangazi hakuwa shangazi wa mtu pale. Alikuwa mkuu wa chumba cha mafaili, mama mnene mwenye miwani iliyofungwa kwa uzi, na hospitali nzima ilimwita hivyo, hata mganga mkuu. Kidoti alimjibu, kwa ile sauti yake ambayo mtu alilazimika kuinama ili aisikie, kwamba akivuka mwenyewe hachanganyi kulia na kushoto. Shangazi alicheka lakini hakumkataza. Kulia na kushoto ndiko kulikowaponza wengi katika kazi ile.

Kazi ilikuwa kugeuza maumivu ya watu yawe nambari. Daktari anaandika ukurasa mzima kwa mwandiko wa kuku, nao wanausoma na kutafuta kila jambo lina nambari gani, ili mtu wa bima, ambaye hatakuja kukiona kitanda, ajue kwamba huyu alikuwa anakwenda kwa miguu, akagongwa na gari dogo, barabarani, akavunjika mfupa wa muundi, mguu wa kulia, na kwamba hii ndiyo mara yake ya kwanza kuletwa. Kulikuwa na nambari ya mtembea kwa miguu aliyegongwa na pikipiki, na ya aliyegongwa na treni, na hata ya aliyegongwa na mnyama mwenye mtu mgongoni. Shangazi alipenda kusema kwamba waliotunga kitabu kile walikuwa watu wa wasiwasi sana, hawakuacha kitu. Na maneno ya mgonjwa yaliyokosa nambari, waliyapitisha mstari wa penseli, ili mwingine asipoteze muda kuyatafutia nambari.

Kidoti lilikuwa jina la nyumbani, kwa sababu ya alama ndogo nyeusi chini ya mdomo. Kazini hakuna aliyelijua. Huko alikuwa Binti, basi, na aliridhika. Alikuwa mtu wa kupita kando ya ukuta. Akisalimiwa alitazama chini, na kama ingewezekana angeomba ruhusa kabla ya kupiga chafya.

Waliogongwa hawakukosekana, kwa sababu barabara iliyopita mbele ya geti kubwa la hospitali ilikuwa mbaya. Ilikuwa ya upande mmoja. Ukitoka getini, magari yote yanakuja kutoka mkono wako wa kulia, na yanakuja mbio, kwa kuwa pale ni mteremko. Ndiyo maana Kidoti alishtuka siku alipopata faili la fundi baiskeli.

Fundi huyo alikuwa amekuja kubadilishiwa bendeji ya kidole, akatoka getini kwenda zake, akagongwa. Kidoti akainuka, akavuka. Gari likaja kutoka kulia. Mguu wa kulia. Akarudi kwenye karatasi: umevunjika mguu wa kushoto.

Akavuka tena, mara hii polepole zaidi. Mguu wa kulia.

Alimrudishia daktari wa mifupa lile faili, na karatasi ndogo ya adabu iliyouliza kama huenda kalamu iliteleza. Daktari hakupendezwa. Alijibu kwa kumtuma mhudumu aseme kwamba mguu wenyewe uko wadini, umening'inizwa, na kama Binti hauamini aende akausalimie.

Kidoti alikwenda, na masikio yamemwaka moto kwa aibu. Fundi baiskeli alikuwa kitanda cha karibu na mlango, mtu mwembamba mwenye vidole vilivyoingia grisi isiyotoka. Mguu wa kushoto ulikuwa ndani ya plasta. Kidoti alisimama pale akitafuta pa kuanzia, mpaka fundi mwenyewe akamuuliza kama amekuja kupima plasta au kuinunua. Hapo ndipo alipopata ulimi. Alimweleza kwamba anaandika habari za ajali, na kwamba jinsi barabara ilivyo, mtu akitoka getini hugongwa kulia.

Fundi alijiinua kwa kiwiko. Akatazama kitanda cha jirani, akashusha sauti.

"Nilikuwa nimegeuka," alisema. "Niliitwa."

"Na nani?"

"Mke wangu. Tena kwa jina la chumbani, ambalo hata mama yake halijui. Nikasema huyu kanifuata huku kwa lipi? Nikageuka." Alijifuta vidole kwenye shuka. "Kumbe yeye saa hiyo yuko nyumbani, anafua na majirani. Usiandike hayo, dada. Watasema nilikuwa nimelewa, bima isilipe."

Kidoti alimwahidi hataandika, na hakudanganya. Hakukuwa na pa kuandika.

Aliporudi alifungua kabati la waliogongwa. Hakuhitaji kutafuta sana. Mwalimu mmoja wa kike, akitoka getini, kushoto. Muuza mikate, akitoka, kushoto. Mlinzi wa benki aliyekuwa akiingia, ambaye magari yangemtokea kushoto, aligongwa kulia. Wote walikuwa wamegeukia walikotoka. Na katika maelezo ya kila mmoja palikuwa na sentensi fupi iliyopitishwa mstari wa penseli. Mgonjwa anasema aliitwa. Mgonjwa anadai alisikia akiitwa. Mwalimu alisema ameitwa na mwanawe, kwa sauti ya alipokuwa mdogo, ingawa mwanawe sasa ana ndevu. Mistari mingine ilikuwa ya Shangazi, iliyonyooka kama ya rula. Mingine ilikuwa yake mwenyewe. Alikuwa ameipitisha bila kusoma, kama mtu anavyofuta vumbi.

Alimpelekea Shangazi yale mafaili, akayaweka mezani yakiwa wazi penye mistari ya penseli, na Shangazi akayatazama moja moja. Alivua miwani, akaifuta kwa upindo wa gauni kwa muda mrefu kuliko ilivyohitaji.

"Mimi unadhani naimba kwa nini?" alisema hatimaye.

Hospitali nzima iliujua wimbo wa Shangazi. Kila jioni alipofika getini alianza kuimba kwa sauti kubwa isiyopanda wala kushuka, kama mlango wa bati unaoburutwa, na hakunyamaza mpaka afike ng'ambo. Walinzi walimwiga. Kidoti naye alikuwa akicheka chini chini.

"Ili nisisikie," Shangazi aliendelea. "Siku moja kulikuwa na mafua, sauti imenikauka, sikuimba. Nikamsikia marehemu kaka yangu ananiita kama tulipokuwa tunachunga. Nilijing'ata ulimi mpaka damu, lakini sikugeuka." Alirudisha miwani. "Nani ningemwambia? Kitabu hiki kina nambari ya kugongwa na kila kitu. Ya kuitwa hakuna."

Kidoti aliuliza mtu afanye nini basi.

"Usigeuke. Ukigeuka unasimama, ukisimama gari linakukuta."

"Na ukiitika bila kugeuka?"

Shangazi alifikiri. Alisema hilo hajui, kwa sababu hajawahi kukutana na mtu aliyeitika.

Usingizi ulimpaa Kidoti kwa sababu ya mtu mmoja tu: mama yake. Mama alikuwa na miadi katika kliniki ya masikio, na angekuja hospitali kwa miguu yake, peke yake, kama alivyopenda kufanya mambo yake yote.

Mama alikuwa fundi wa nguo. Masikio yake yalimwacha kidogo kidogo, kama wageni wasiotaka kuaga. Kwanza ziliondoka sauti za ndege, kisha za watoto, kisha redio, na sasa hakusikia hata mlango ukibamizwa. Alisoma midomo. Kwa binti yake ilikuwa afadhali, kwa kuwa sauti ya Kidoti ilikuwa ndogo tangu kuzaliwa na midomo yake ilikuwa wazi. Lakini zamani mama alikuwa na sauti. Alisimama mlangoni akaita "Kidoti", na watoto wa mtaa mzima waligeuka. Na alimlea mwanawe kwa kanuni moja isiyokuwa na mjadala: ukiitwa unaitika. Huulizi ni nani, husemi subiri. Tangu masikio yalipoondoka aliacha kuita, maana hakuweza kupima tena ukubwa wa sauti yake na aliona haya. Alipomtaka mwanawe aligonga meza kwa mkasi.

Kidoti alimwomba apitie geti la nyuma. Mama akasema geti la nyuma ni mbali, na magoti yake hayakutangaza kwamba yamepona. Kidoti akamweleza yote, mbele ya taa ili midomo ionekane. Mama alisikiliza kwa macho, kisha akacheka mpaka pini alizokuwa amebana midomoni zikamdondoka.

"Mimi nisiyesikia radi," alisema, "huyo wa barabarani ataniita kwa kengele gani?"

Kidoti naye alicheka. Kifua kikamfunguka. Kweli, kama kulikuwa na mtu mmoja mjini ambaye barabara ile isingemweza, ni mama. Akalala fofofo, na huko ndiko kulikuwa kukosea kwake.

Siku ya miadi alitoka kwenda kumlaki getini. Jua lilikuwa kali, barabara imetulia. Mama alikuwa ng'ambo, amevaa gauni lake la kijani la kutokea, mkoba mkononi. Alitazama upande wa magari, akaona ni salama, akaanza kuvuka. Kidoti alimpungia, naye akapunga.

Katikati ya barabara mama alisimama.

Aliinamisha kichwa upande mmoja. Kidoti alikuwa hajaliona tendo lile kwa miaka, mpaka alichelewa kulielewa: mama alikuwa anasikiliza. Kisha uso wake ulifunguka kwa furaha, na akaanza kugeuka alikotoka.

Juu ya mteremko lori la mchanga lilikuwa limekwisha tokeza. Kumwita kusingesaidia kitu. Kidoti alikimbia, akamshika mama mkono juu ya kiwiko na kumvuta kama mtu anavyovuta nguo iliyonasa kwenye msumari. Lori lilipita na upepo wake wa vumbi. Dereva alitoa tusi refu ambalo mama hakulisikia.

Walinzi waliwakalisha kwenye benchi. Mama hata hakuuliza habari za lori.

"Masikio yamerudi," alisema. Macho yalikuwa yamejaa machozi. "Nimekusikia ukiniita. Ulikuwa nyuma yangu. Ile sauti yako ya udogoni, ulipokuwa huwezi kutamka mama vizuri."

Katika kliniki ya masikio walimvalisha vile visikizio vikubwa na kumwambia ainue kidole akisikia mlio wowote. Mama aliketi wima kama mtoto anayepigwa picha, akasubiri. Daktari alizungusha kitufe chake, akazungusha, mpaka Kidoti aliyekuwa pembeni akausikia ule mlio ukichuruzika nje ya visikizio. Kidole cha mama hakikuinuka. Daktari aliandika kwamba hakuna mabadiliko. Mama alisoma midomo yake, akakunja uso, akasema kwa upole kwamba mashine imeharibika.

Kidoti alijaribu kumpeleka geti la nyuma. Alimvuta, akambembeleza, akamwambia kuna kivuli. Mama alikwisha kujua anakotaka kwenda: pale alipoitwa. Alishika njia ya geti kubwa kwa hatua za mtu anayechelewa arusi, magoti na yote, na mwanawe angefanya nini? Angemwangusha mama yake mbele ya watu? Alimshika mkono, vidole ndani ya vidole, akajiambia watavuka haraka.

Walitazama kulia. Hapakuwa na kitu. Wakaingia barabarani.

"Kidoti."

Ilitoka nyuma, upande wa geti. Ilikuwa ile sauti ya mlangoni, nzima, yenye nguvu, sauti ya kugeuza watoto wa mtaa mzima. Mwili wa Kidoti ulitaka kugeuka kabla akili haijauliza. Shingo ilikwisha anza. Lakini mkononi mwake kulikuwa na mkono wa mama, wenye sugu za mkasi, na alipomtazama aliona midomo ya mama imefungwa.

Alikaza shingo, akavuta kwenda mbele. Mama hakwenda. Alikuwa amesimama kama nguzo, uso unang'aa.

"Unaitwa," alisema.

"Mama, twende."

"Nimesikia mimi, wewe husikii? Unaitwa. Mbona huitiki?"

"Kidoti," iliita tena, karibu zaidi.

Juu ya mteremko kulikuwa na kioo cha gari kinachomeremeta, na nyuma yake kingine. Kidoti alivuta kwa mikono miwili. Mama alikuwa mzito kuliko yeye, tena mama alikuwa amekasirika. Alisema kwamba hakumlea hivyo. Alisema kwamba mtoto wa kuitwa mara mbili hakutoka tumboni mwake, na kwamba hatanyanyua mguu pale mpaka aitike. Gari la kwanza lilianza kupiga honi.

Kidoti hakugeuka. Alitazama mbele, ukuta wa duka la vipuri uliokuwa ng'ambo, akafungua kinywa, na kwa sauti kubwa ambayo hakujua anayo, aliitika.

"Naam, mama."

Nyuma pakawa kimya. Mama alitikisa kichwa kwa kuridhika, kama mtu aliyelipwa heshima yake, akavuka naye vizuri kabisa. Magari yalipita nyuma yao moja baada ya jingine.

Baada ya hapo barabara ilitulia. Watu waliendelea kugongwa, kwa kuwa mteremko ni uleule na madereva ni walewale, lakini waligongwa inavyopaswa. Kidoti aliinuka, akavuka baina ya makabati, akajigusa mguu wa kulia, na karatasi ikasema kulia. Penseli haikuwa na kazi. Jioni moja Shangazi alifika kituo cha basi cha ng'ambo ndipo akakumbuka kwamba hakuimba. Alisimama pale akijishika kifua. Kesho yake alisimulia kwamba hakusikia chochote, hata kidogo, palikuwa na magari tu. Akamtazama Kidoti juu ya miwani, akamuuliza kama anaumwa, mbona siku hizi akiitwa hata mezani kwake anaanza kwa kumtazama mtu mdomoni.

Kidoti alisema haumwi.

Nyumbani mama alikuwa mtu mwenye furaha. Alirudi kufanya kazi kwa moyo, hakutaka tena kurudi barabarani, na kliniki ya masikio aliiacha, kwa maelezo kwamba haina haja. Alishona karibu na dirisha mchana kutwa, kichwa kimeinama upande mmoja.

Kidoti alikuwa uani akianua nguo siku alipoitwa. Mwanga wa jua ulikuwa bado ukutani. Alisimama, shati la kazi mikononi, shingo imekaza. Alingoja. Akaitwa tena, kutoka ndani, kwa jina lake la nyumbani, kwa sauti ya mlangoni.

Aliingia polepole, akapita jikoni, akasimama kwenye mlango wa chumba cha kushonea na kutazama kwanza mdomo, kama alivyojizoeza. Mama alikuwa ameketi kwenye cherehani, amekunja kitambaa cha bluu magotini. Midomo yake ilikuwa imebana pini safu nzima, vichwa vyake vidogo vimejipanga nje, na hakuna neno lililoweza kutoka hapo bila kuzidondosha.

"Kidoti."

Ilikuwa nyuma yake, jikoni, alikotoka sasa hivi.

Mama aliinua macho. Alimwona mwanawe amesimama bila kujibu, akatazama juu ya bega lake, kwa utulivu, kama mtu anayemtazama mgeni aliyemzoea. Hakuweza kusema kwa sababu ya zile pini. Aliinua kidevu tu kuelekea jikoni, mara moja, akamkazia macho, akingoja aitike.